Somo Ndiye Aliyeona, Mama Ndiye Anayetaka Kusema

Mwanangu Sabiha atasimama mahakamani kueleza kwa kinywa chake kilichoupata mkono wake, na hatetemeki! Wakili wa serikali, binti mdogo tu mwenye miwani, kamwuliza utaweza kuyasema haya mumeo akikutazama, na mwanangu akamjibu, "Mkono uliungua, mdomo mzima." Nimeyaandika hayo kwanza kwa sababu nisingeyaandika ningepasuka. Haya, sasa nakusalimu.

Mpendwa mshauri, naomba msaada, na kama umenizidi umri shikamoo, na kama mimi ndiye mkubwa basi marahaba nimekwishaitikia. Mimi ni mama wa Kigombe, nakaanga maandazi, na si kwa kujisifu lakini yapo ya kwangu na yapo ya watu wengine, muulize yeyote. Shule niliishia darasa la saba, ila la saba la zamani, kwa hiyo mwandiko utausoma bila shida.

Sabiha ni binti yangu wa pekee na ni fundi cherehani. Nguo zake zinavaliwa mpaka Raskazone na wake za wakubwa, wanakuja na magari wanasubiri nje. Siku ya posa yake shehe alipotuma aulizwe mahari anataka nini, wenzake wa rika lake wote walikuwa wametaja dhahabu na vitanda vya sita kwa sita, yeye akasema nataka cherehani cha umeme kinachodarizi, na Msahafu. Mimi nyuma ya pazia nikapiga kigelegele kabla ya wakati wake, wifi yangu akanifinya paja. Basi Hatibu, ndiye huyo mume, akaleta cherehani, harusi ikapita, mwanangu akahamia Muheza, akafungua kibanda cha ushonaji mbele ya nyumba yao na Mungu akambariki.

Hiyo baraka ndiyo iliyoleta nongwa, kwa sababu mama yake Hatibu alipoona kibanda kinajaa watu, na yeye ana binti yake asiye na kazi, akaanza, cherehani hicho kimetoka kwetu, kirudi kwetu, mwanangu alioa mke hakuoa duka. Alikuja mpaka kwangu Kigombe, nikamkaribisha, akala maandazi yangu saba, akapangusa mdomo, akaniambia, "Mwambie mwanao arudishe mahari ya watu kwa hiari, kabla haijarudishwa kwa shari." Nikamwambia, "Mwenzangu, mahari ni ya mke, hata mimi mama yake sina uzi ndani yake." Akaondoka bila kuaga. Na Hatibu, kijana aliyekuwa ananiita mama mpaka nasikia raha, akageuka, kila siku ni wimbo mmoja, ukitaka kubaki kwangu rudisha mahari, hutaki kubaki omba mwenyewe uachwe, urudishe mahari. Kwa sababu anajua dini, akimwacha yeye mahari haipati, akiomba kuachwa yeye Sabiha ndiyo airudishe. Kwa hiyo kumwacha hamwachi, anamsukuma tu aombe. Kwanza maneno, kisha kumnyima chakula, kisha makofi, na mwanangu akija nyumbani ananiambia amejigonga, na mimi naona lakini sisemi, nasema nitampa siku.

Siku zikaisha siku ile ya pasi. Ni pasi ya mkaa, ya kazini kwake. Hatibu na mama yake waliingia uani, wakamtaka akubali mbele yao, akakataa, basi mume akaushika mkono wake wa kulia, ule wa kushonea, akaubandika kwenye meza na akaishusha pasi juu yake, akasema, "Sasa tuone utakishonea nini." Mshauri, naandika huku naacha naandika. Kesho yake cherehani kikapakiwa kwenye bajaji kikaenda kwa mama mtu.

Leo wao wanasema ilimponyoka mwenyewe akipiga pasi. Daktari kasema pasi ikiponyoka haikai mgongoni mwa mkono namna ile, na PF3, ile fomu ya polisi ya majeruhi, ipo, dawati la jinsia huko polisi waliiandika vizuri na wametusikiliza, siwezi kuwasema vibaya. Lakini wao ni wawili na neno lao ni moja, na mwanangu ni mmoja. Aliyeona kwa macho ni mtu mmoja tu, naye ndiye mtihani wangu.

Ni somo wake, Bi Hasina. Ndiye aliyemfunda Sabiha tangu alipokuwa mwari, akamwingiza ndani siku ya harusi, na nyumba yake imepakana uani na ya Hatibu. Alisikia ukelele, akapita mlango wa uani, akaona yote, ndiye aliyemsukuma Hatibu na kumtia mwanangu mkono kwenye maji. Nimemwendea, nimemlilia, ananiambia, "Mama Sabiha, siku nilipokabidhiwa mwari nilikabidhiwa na siri zake. Yaliyo ndani ya nyumba ya mwari wangu siyatoi nje. Nikiyatoa leo, nani atanipa mwanawe nimfunde kesho?" Polisi walipomfuata akasema yeye alikuwa anasali.

Basi mimi nikafikiri. Mdomo ninao, tena mzuri, kwenye harusi mimi ndiye ninayepewa maiki. Yote aliyoyaona somo aliniambia usiku ule ule nilipofika Muheza, nayajua neno kwa neno. Nimekata shauri niseme mimi kwamba nilikuwepo, niliona. Tena nimewakusanya mashahidi wote kwangu kila baada ya laasiri, napika pilau, tunafanya mazoezi kama ya kasida, ili siku hiyo sauti iwe moja. Wameshika wote isipokuwa Praxeda, mpangaji mwenye duka la vifungo ubavuni mwa kibanda cha mwanangu, mtu wa milimani huyo, Mlutheri, mbishi.

"Mama Sabiha, mimi sikuona pasi," anasema. "Nilisikia kelele, na kesho yake nikaona cherehani kinapakiwa."

"Ukisikia kelele si umeona? Sema umeona."

"Nitaishikaje Biblia, mama?"

"Ishike kwa mkono wa kulia kama wenzio."

Akaweka sahani chini, akaenda zake, na pilau hakumaliza. Pilau yangu!

Sare pia tumekwishachagua, kanga ya kijani, jina lake HAKI HAIUNGUI, nililitunga mimi. Tutajaza mahakama, wanawake watupu, akisema mwanangu tunaitikia kwa kigelegele mpaka huyo mkwe ajute.

Lakini kaka yangu Abdulghani anasema tunajiaibisha, mke hamshitaki mume, na wamekuja wazee wa upande wa pili wakasema cherehani kitarudi kesho asubuhi, kimefutwa vumbi, tukiifuta kesi. Kaka anataka tupokee. "Nani atamwoa tena binti aliyempeleka mwanamume kwa hakimu?" ananiuliza. Nikamwambia atakayetaka kuvaa vizuri. Ila usiku roho inaniuma, nasema labda kaka ni mkubwa, ameona mengi.

Mwanangu mwenyewe ndiyo kwanza anacheka. Nesi kamwambia afinye kitu laini kila siku ili vidole visikaze, basi ndiye anayekanda unga wangu. Maandazi siku hizi yanatoka na maumbo, moja kama kiatu, moja kama sikio, na wateja wanagombea. Juzi kaingiza uzi kwenye sindano kwa mkono ule ule. Nililia mpaka mafuta yakaungua.

Nishauri upesi, niseme niliona au nisiseme, tupokee cherehani au tukatae. Na jina langu liandike lote kwa herufi kubwa, sina ninachoficha.

Mama Sabiha, Kigombe

*

MSHAURI ANAJIBU

Marahaba nami nimeipokea, maana tumelingana. Jina lako sikuliandika, na majina yote hapo juu nimeyabadilisha, hata la mpangaji. Kesi ikiwa mahakamani haipigiwi tarumbeta gazetini. Kwa sababu barua yako isingeweza kungoja zamu yake, nilikupigia simu kabla ya kuichapa, na wasomaji wataelewa kwa nini najua mengine ambayo humu hayamo.

Kwanza pole. Pole kwa mkono wa mwanao, na hongera kwa kuzaa mtu wa namna ile. Nimemaliza kukubembeleza. Sasa nisikilize.

Acha mazoezi leo. Si kesho, leo. Pilau endelea kupika, lakini asilipie mtu kwa ushahidi. Unadhani sauti moja inamwogofya Hatibu? Inamfurahisha! Wakili wake atamwuliza shahidi wa kwanza, wa pili, wa tatu, wote watajibu kwa maneno yale yale na pumzi zile zile kama watoto wa madrasa, kisha atauliza swali moja dogo, "Mlikutana wapi kuyapanga haya?" Hapo hata ukweli wenu utaonekana umepikwa kwenye sufuria lako. Mashahidi wa kweli huwa hawafanani. Mmoja anakumbuka kelele, mwingine anakumbuka bajaji. Huyo Praxeda uliyemwita mbishi ndiye shahidi bora uliye naye, na wewe umemkosesha chakula. Mwendee umwombe radhi. Aseme alichosikia kama alichosikia, na alichoona kama alichoona, basi.

Na wewe. Uliniambia kwenye simu kwamba polisi ulikwisha kuandikisha maelezo, na kwamba siku ile ulikuwa Kigombe kwenye mafuta yako. Karatasi hiyo ipo. Utasimama useme wallahi niliona, wakili aisome karatasi, ukimaliza kutokwa na jasho utakuwa umemwokoa mkweo kwa mdomo wako mzuri wa maikrofoni. Tena achilia mbali wakili. Utashikaje Msahafu, ule ule ambao mwanao aliutaja kuwa mahari yake, useme umeona ambacho hukukiona? Aliyosema somo usiku ule ni ya somo. Mahakama inataka jicho lililoona, si sikio lililosimuliwa.

Lakini usinung'unike kwamba huna la kusema. Unalo, na umelipita mbio kama si kitu! Mama Hatibu alikuja nyumbani kwako, akakwambia usoni mahari irudishwe kwa hiari kabla haijarudishwa kwa shari. Hilo hukusimuliwa, ulilisikia kwa masikio yako. Hakimu anapouliza kwa nini mume amwunguze mkewe mkono, jibu liko hapo. Sema maneno hayo kama yalivyotamkwa, usiongeze chumvi, maandazi saba yaache, kisha unyamaze. Najua kunyamaza ndiyo kazi.

Kaka yako Abdulghani msalimu, umwambie mke hakumshitaki mume. Aliyeshitaki ni Jamhuri, Sabiha ni shahidi, na kumchoma mtu mkono si ugomvi wa chumbani. Hata hao wazee hawana kesi ya kuifuta, na ninyi hamna. Cherehani msikipokee kwa mlango wa nyuma. Nendeni dawati mkaseme kiko kwa nani na kwamba wamekuja kukitoa kama bei ya kunyamaza. Wametaja wenyewe mbele yenu kwamba kiko kwao, na mlikuwepo, mmesikia. Mambo ya talaka na mahari yana mahali pake, nendeni kwa shehe na kwa wenye sheria baadaye, msiyachanganye na haya. Na msigombane nao njiani, wala msiwatukane.

Nataka niseme jambo moja zito, niliseme mara moja tu. Nimepokea barua za akina mama ambao mabinti zao walidaiwa hivi hivi, wakasukumwa hivi hivi, na walipokwenda mahakamani mabinti hawakuwepo kusema. Hapo mashahidi wote wanakuwa watu waliosikia, na waliouguza, na waliokumbuka mno baadaye. Aliyejua kila kitu yuko udongoni. Wewe wa kwako yuko jikoni anakanda unga. Kwa hiyo hata ukiwaza habari ya ndoa yake ijayo, anza na alhamdulillahi.

Sasa somo, na hapa nitasema taratibu kidogo kwa sababu namheshimu.

Bi Hasina si mwoga, na si mtu mbaya. Aliyemsukuma mwanamume mwenye pasi ya moto mkononi si mwoga. Amefungwa na mila, na mila hiyo ni nzuri, bila yake mabinti zetu wangefundwa na simu. Basi usimwendee kwa kulia wala kwa vitisho vya polisi. Mwendee na udi, na halua, na kahawa, kama ulivyomwendea siku ulipompa mwari, ukae chini kwenye mkeka, umwulize swali hili. Alfajiri ya harusi ya Sabiha, nani alitoka chumbani mbele ya watu wote kutoa habari? Si yeye? Ukoo mzima ulikuwa uani unangoja neno lake, na hakuna aliyemwambia anafichua siri. Akasema, na neno lake likakubaliwa na pande zote mbili, hata na mama Hatibu. Tangu zamani somo ni shahidi. Kazi yake ni kuficha udhaifu wa mume, mkoromo wake, na umaskini wake, na ya kitandani. Tangu lini somo akapewa kazi ya kuuficha mkono wa mwari unaoungua? Siri alikabidhiwa, lakini kabla ya siri alikabidhiwa mtoto.

Hayo nilikwambia kwa simu, ukasema, "Mshauri, maneno hayo mazuri, nitayasema mimi." Hapo nikafikiri tena, nikakwambia hapana. Nikaomba nimsikie Sabiha.

Sauti yake ndogo, ya utulivu. Akaniambia, "Shikamoo shangazi. Mama ananipenda mpaka ananisemea." Nikamwuliza, je, yeye mwenyewe amewahi kumwomba somo wake? Hakuwahi. Alidhani mwari hamwombi somo kuvunja mwiko. Nikamwambia mwari ndiye mwenye siri, na mwenye siri anaweza kuifungua.

Jana jioni amenipigia. Alikwenda peke yake, kitambaa kimefunguliwa mkononi. Anasema Bi Hasina aliutazama ule mkono muda mrefu, akautia mafuta ya nazi kidole baada ya kidole, kisha akauliza, "Wanaanza saa ngapi huko polisi?" Asubuhi hii amekwenda dawati mwenyewe, amesema alidanganya aliposema alikuwa anasali, akaeleza kwa nini, na wameandika maelezo yake upya. Wakili wa serikali ameambiwa. Upande wa pili watamuuliza juu ya ule uongo wa kwanza, na atajibu kama alivyojibu leo. Mtu aliyekosea akarekebisha mwenyewe anaaminika kuliko mtu aliyefundishwa kwenye pilau.

Na hilo swali lake, nani atampa mwari kesho? Mimi nina mjukuu wa kike wa miaka kumi na miwili. Mwambie akae tayari.

Yaliyobaki ni ya kushika tu. Wewe, Praxeda, Bi Hasina na mashahidi wengine mtakaa nje mpaka kila mmoja aitwe, na mkiwa nje msiulizane nani kasema nini ndani. Sabiha asivae nguo ya kuficha kovu. Kanga ya kijani acheni nyumbani, vaeni za kawaida, hakimu hashonewi sare. Kigelegele kimoja tu humo ndani kitawatoa nje wote, na nakujua wewe, kwa hiyo mdomoni weka kashata. Ila watu waje. Mahakama iko wazi kwa kila mtu, na binti anayesema mambo kama yale anahitaji kuinua macho aone nyuso anazozijua zimekaa kimya kwa ajili yake. Shangazi zake waje, wateja wa Raskazone waje, Abdulghani aje na kofia yake akae mstari wa mbele. Mimi nitapanda basi la asubuhi kutoka Tanga, mtanitambua kwa mwavuli.

Muheza, mahakama ya wilaya, saa mbili na nusu muwe mmefika. Ni Jumatano.